Mrejesho: ile gochu-japchae bila soya sosi

Wakuu habari za saa hizi, nimerudi na mrejesho kama nilivyoahidi. Kwa waliopitwa, niliuliza ntapikaje gochu-japchae, ile nyama ya ng'ombe na pilipili hoho ya migahawa ya Kichina kule Korea, wakati niko paleo (dayati isiyo na nafaka, kunde wala sukari), soya sosi, kornfulawa na sukari hazigusi sufuria yangu.

Aliyesema niweke kokonati aminosi badala ya soya sosi ubarikiwe aisee. Ni tembo la mnazi lililochachushwa na chumvi, rangi ileile ya soya ila ni tamu kidogo na chumvi yake ndogo, so niliongeza chumvi, ila asali nikaachana nayo kabisa. Badala ya kornfulawa nikaweka wanga wa muhogo, kijiko cha chai kwa nusu kilo, pamoja na ute wa yai, nyama ikatoka laini inateleza.

Nyama iwekeni friza kama nusu saa ndo mkate, inakatika vijiti vyembamba safi. Halafu moto uwe mkali na mkaange kidogokidogo, ukijaza karai inatoa maji inaanza kuchemka badala ya kukaangika. Hoho, kitunguu na uyoga dakika moja tu, hoho ibaki na ukijani wake na ukitafuna isikike, mafuta ya ufuta mwisho kabisa ukishazima jiko.

Wakorea wanaila na kkotppang, vimkate vya mvuke, ila ni ngano, mi nilifungia kwenye majani ya saladi. Mdogo wangu kaila na wali, yeye dayati haimhusu.