PS2 slim kisiwani bila intaneti: niandae nini Mwanza kabla ya kupanda meli?

mkazi_wa_nansio

Wakuu, habari za jioni. Kuna PS2 slim (PlayStation 2 ile nyembamba), chini imeandikwa SCPH-77004, inakwenda kutumika kijijini Ukerewe, mbali kidogo na Nansio. Mtandao huko ni wa kubahatisha, ukikamata ni wa kusomea meseji tu. Lenzi imechoka: diski za CD, zile za bluu kwa chini, inasoma moja kati ya tatu. Za DVD inazungusha weee, mwisho inatoa skrini nyekundu.

Nataka gemu zote zikae kwenye flashi. Nilicho nacho: flashi ya GB 64, memori kadi ya Sony ya MB 8, laptopu ya Windows yenye kisomea DVD, na diski zangu 15 za PS2. Nipo mjini wiki hii tu, nikishavuka sirudi mpaka mwezi ujao. Nianze wapi, na nini hasa huwa kinakwama watu wakishafika kule?

fundi_wa_kirumba

Mkuu, PS2 yenyewe haihitaji intaneti hata chembe. Intaneti inahitajika kwenye laptopu, mara moja, kushusha programu. Maana yake kazi yote inaishia mjini, na kila gemu ijaribiwe kwenye mashine hiyo hiyo kabla mzigo haujafungwa.

Shusha hizi: FreeMcBoot (FMCB), uLaunchELF (ya kufungua na kunakili faili ndani ya PS2), Open PS2 Loader (OPL, ndiyo inayowasha gemu kutoka kwenye flashi), ImgBurn, USBUtil, na programu ndogo ya kufomati FAT32 (mpangilio wa faili kwenye flashi), kwa sababu dirisha la kawaida la Windows linagoma kufomati FAT32 ikizidi GB 32.

Kikwazo chako cha kwanza ni memori kadi, flashi inafuata baadaye. FMCB inakaa kwenye memori kadi, ndiyo inayoifanya mashine iwashe OPL bila chipu. Kuiingiza mara ya kwanza kuna njia ya FreeDVDBoot, iliyotoka 2020: unachoma DVD-R moja, unaweka lugha ya mashine Kiingereza, unawasha. Lakini njia hiyo inataka lenzi isome DVD, na yako haisomi. Usipoteze diski tupu. Tafuta fundi au banda la gemu lenye PS2 ambayo tayari inawasha programu kama hizi, nenda na kadi yako, wakuwekee FMCB kupitia uLaunchELF. Mashine yako inaishia na 4, yaani ni ya Ulaya. Ikiwa ya kwao inaishia na 0 au 1 (Japani, Marekani), mwambie achague usakinishaji wa maeneo yote, la sivyo kadi itawaka kwake na kwako itakaa kimya. Na OPL aiweke humo humo kwenye kadi, isibaki kwenye flashi.

Nawatahadharisha na wengine wanaosoma: 77004 haina shida, ila baadhi ya zile za SCPH-9000x zenye ROM 2.30 haziikubali FMCB kabisa. Hizo zinatumia OpenTuna. Fungua rom0 (kumbukumbu ya ndani ya mashine) kwa uLaunchELF usome faili la ROMVER. Likianza na 0230, jibu umelipata.

Sasa diski. ImgBurn, chagua kutengeneza faili kutoka kwenye diski. DVD itatoka ISO (faili moja lenye diski nzima) moja kwa moja. CD itatoka BIN na CUE, hizo uzigeuze ziwe ISO kwanza. Kisomeo cha laptopu kikikwama katikati, toa diski, ifute kwa kitambaa laini kutoka katikati kwenda nje, usizungushe. Mkwaruzo wa kuzunguka unafuata njia ya data na unakata sehemu ndefu. Wa kutoka katikati kwenda nje unaipita juu juu.

Fomati flashi: FAT32, MBR (aina ya jedwali la sehemu za flashi), klasta ya KB 32. Tengeneza folda mbili, DVD na CD, kwa herufi kubwa. Gemu iliyotoka kwenye diski ya bluu inakaa CD hata kama faili lake ni ISO. Ukiikosea folda itaonekana kwenye orodha halafu isiwake, na utailaumu flashi bure.

sangara_mkavu

Naongeza kwenye suala la ukubwa, maana hapo ndipo wengi wanaangukia. FAT32 haipokei faili linalofika GB 4. Diski ya kawaida ya DVD inabeba hadi GB 4.7, na kuna za tabaka mbili, mfano God of War II ya 2007, ambayo ni karibu GB 8. Hizo ndizo zinazopitishwa USBUtil: inazikata vipande vya GB 1 na kuandika faili dogo la ul.cfg. Vipande havikai kwenye folda ya DVD, vinakaa nje kabisa, mwanzo wa flashi. Usivibadilishe majina. Na ul.cfg ndiyo daftari la majina: ikifutika, gemu zinapotea kwenye orodha ingawa vipande vyote vipo. Kule kijijini mtu akichomeka flashi kwenye redio asikilize mziki, aone faili "la ajabu" akalifuta, ndiyo basi. Weka nakala ya ul.cfg kwenye simu.

bwiru_juu

USBUtil ni mambo ya kizamani. OPL za majaribio za 1.2.0 zinasoma exFAT (mpangilio usio na kikomo hicho cha GB 4), faili la GB 8 linaingia zima. Kwa nini mjipe kazi ya kukata?

fundi_wa_kirumba

Kweli inasoma, ila fikiria anakokwenda. uLaunchELF ya zamani haioni exFAT, kwa hiyo siku akitaka kunakili sevu kutoka kwenye kadi kwenda flashi hiyo hiyo atakwama. Ukitaka exFAT hakikisha umeshusha pia wLaunchELF mpya inayoisoma, ujaribu zote mbili hapa mjini. Kwa mtu asiye na pa kushushia kitu kingine, mimi bado FAT32.

sangara_mkavu

Halafu asiahidiwe kwamba flashi inafanya kazi kama diski. USB ya PS2 ni 1.1: kikomo chake kwenye karatasi ni megabiti 12 kwa sekunde, ambazo ni MB 1.5, na kwa vitendo unapata karibu MB 1. Kisomea DVD cha mashine kikiwa kizima kinavuta zaidi ya MB 5. Kwa hiyo video za kati ya gemu zitakatakata na sauti kurudiarudia. Hata ununue flashi ya bei mbaya ya USB 3, mlango ni ule ule. Gemu za mpira, za ngumi na za magari ya mzunguko zinavumilika, maana zikishapakia uwanja hazisomi sana. Zenye mji mkubwa unaosomwa huku unaendesha, barabara itakuwa inatokea mbele ya macho yako.

Anayetaka kupunguza hilo atafute adapta ya MX4SIO: inabeba kadi ndogo ya SD na inachomekwa kwenye tundu la pili la memori kadi. Inaizidi USB kidogo, siyo sana. Inataka OPL hizo mpya, na unabaki na tundu moja la memori kadi. Diski kuu ya nje ya USB sishauri. Mlango wa PS2 unatoa umeme kidogo, utaisikia inalia tik-tik haizunguki.

mkazi_wa_nansio

Shukrani sana wakuu. Kadi imewekwa FMCB kwenye banda moja, imewaka kwangu, menyu ya OPL naiona. Nimeingiza gemu 13 kwa FAT32. Zinazowaka ni 10. Moja ipo kwenye orodha ila nikiichagua inasema faili limegawanyika. Moja inaonyesha nembo ya kampuni halafu giza. Moja inacheza vizuri lakini ikifika kwenye kusevu inaganda. Pia kila nikiwasha lazima niingie kwenye menyu kuiamsha USB.

fundi_wa_kirumba

Nianze na rahisi. Bonyeza Start, ingia Settings, ile sehemu ya USB (kwenye matoleo mapya imeandikwa BDM) iweke Auto, kubali, halafu rudi uchague Save Changes. Ukisahau hiyo ya mwisho itarudi ilivyokuwa.

Iliyogawanyika: ulifuta gemu ndogo ukaweka kubwa, au ulinakili mbili kwa mpigo. OPL inataka faili lilale mfululizo kwenye flashi, kama kamba moja isiyo na fundo. Ukifuta gemu ya GB 2 ukaleta ya GB 3.5, Windows inajaza lile pengo kwanza, kinachobaki inakipeleka mbali. Dawa: hamisha vyote kwenye laptopu, fomati upya, rudisha faili moja moja, ukisubiri moja liishe ndipo uanze jingine. Flashi inayoandika MB 6 kwa sekunde itachukua kama dakika 12 kwa gemu ya GB 4.3. Kwa gemu zako zote ni kazi ya saa mbili na ushee, anza mapema. Ikiisha, tumia njia ya Windows ya kuondoa flashi kwa usalama. Ukiichomoa ghafla faili la mwisho linakosa mkia, gemu inawaka vizuri halafu inakufa hatua ya tano.

Ya giza: kwanza linganisha ukubwa wa ISO na wa diski, huenda kisomeo kiliruka sehemu. Vikilingana, simama juu ya jina la gemu, bonyeza pembetatu, fungua mipangilio ya gemu hiyo. Jaribu Mode 1 peke yake, kisha 3 peke yake, kisha 6. Usiwashe zote kwa pamoja, hutajua ipi imesaidia. Mode 4 inaruka video, na hapo wakati mwingine gemu inayogandia kwenye utangulizi inapita. Ikiwaka, hifadhi mipangilio ya gemu hiyo hapo hapo. Jua kwamba Mode 6 inazima kutoka kwa vitufe. Bila hiyo, L1, L2, R1, R2, Start na Select kwa pamoja vinakurudisha OPL bila kuzima mashine.

Ya kuganda kwenye kusevu: nadhani umewasha memori kadi ya mfano, ile inayoitwa VMC. Inaandika kwenye flashi kupitia mlango ule ule wa MB 1 huku gemu nayo inasoma humo. Izime, sevu kwenye kadi halisi.

bwiru_juu

Na kama TV ya kule ni ya chogo, angalia msimbo wa kila gemu. SLES na SCES ni za Ulaya, hazina neno. SLUS na SCUS ni za Marekani, Hz 60. Chogo nyingine zitatoa picha isiyo na rangi au inayopanda kama pazia. TV flati nyingi zinakubali zote.

sola_ya_ukara

Hamjagusa umeme. 77004 ina adapta ya nje inayotoa V 8.5, na kwa kisiwani hiyo ni bahati, kwa sababu unaweza kuilisha moja kwa moja kutoka betri ya V 12 kwa kipunguza volti badala ya kupita inverta. Nunua chenye uwezo wa A 8, kirekebishe kwa mita kisome 8.5 KABLA ya kuunganisha mashine, na chanya iwe katikati ya plagi. Kile chenye skrubu ndogo ya kuzungusha ukishakirekebisha kidondoshee gundi kwenye skrubu, mtikisiko wa boti unaweza kuisogeza. Usiunganishe betri ya V 12 moja kwa moja. Za 9000x zina ugavi wa umeme ndani, hizo lazima inverta.

Hesabu: betri ya risasi ya Ah 100 usiivute kupita nusu, kwa hiyo una kama Wh 600. PS2 W 40, TV ya LED ya inchi 24 W 30, upotevu kidogo, weka W 80. Saa saba na nusu. TV ikiwa ya chogo, gawa kwa mbili.

Umeme ukikatika wakati wa kucheza haiumi kitu. Ukikatika sekunde ile inaandika kwenye kadi, unaweza kupoteza sevu na FMCB pamoja.

fundi_wa_kirumba

Ndiyo maana usivuke na kadi moja. Nunua ya pili, ya MB 8 au 16, rudi kwenye banda lile lile wakuwekee FMCB na OPL pia. Ifunge kwenye nailoni, isitumike kabisa. Sevu zako ziweke nakala: uLaunchELF, fungua mc0 (memori kadi), simama kwenye folda ya gemu, R1, Copy, nenda mass (flashi), R1, psuPaste.

Lenzi iache kama ilivyo, OPL haiihitaji. Usiingize diski, na usifungue mashine kuisafisha njiani. Ule utepe mwembamba wa lenzi ukiurudisha umepinda unaharibu zaidi.

sola_ya_ukara

La mwisho kutoka huku ziwani: wale wadudu wadogo wanaofuata taa usiku. Feni inawavuta kupitia matundu, wanakauka ndani kama majani ya chai na joto linapanda. Shona kipande cha chandarua kikavu, kifunike matundu ya kuingiza hewa tu, la nyuma linalotoa joto liache wazi, na ukikung'ute kila asubuhi. Usiweke mashine chini ya balbu.

mkazi_wa_nansio

Nimefomati upya nikarudisha moja moja, iliyogawanyika imewaka. Ile ya giza imekubali Mode 3. VMC nimezima. Zimebaki diski mbili ambazo laptopu haizisomi, na kadi ya pili naifuata kesho Makoroboi.