Wanasheria wa Serikali Kigoma na Tabora: joho moja, mishahara tofauti. Tupeane uzoefu

Mtu wa Mwanga
Habari za jioni wakuu. Naomba tuliseme wazi jambo ambalo tunanong'onezana kila siku kwenye korido za mahakama: malipo ya sisi wanasheria tulioajiriwa na Serikali.

Mimi ni Afisa Sheria kwenye halmashauri moja ya mkoa wa Kigoma. Nina shahada, nimepita Shule ya Sheria, nimeapishwa kuwa wakili. Tangu sheria ibadilishwe mwaka 2020, anayetaka kuishtaki halmashauri lazima atoe notisi ya siku 90, amuunganishe Mwanasheria Mkuu wa Serikali, na shauri lifunguliwe Mahakama Kuu. Kwa hiyo kesi zetu za viwanja tunazibeba pamoja na Wakili wa Serikali, yaani mwanasheria wa serikali kuu. Mimi ndiye ninayejua mgogoro ulikoanzia. Natafuta mihtasari ya mikutano ya kijiji, nafuatilia mashahidi hadi vitongojini, naandaa rasimu ya utetezi. Siku ya shauri tunakaa meza moja mbele ya Jaji. Mwisho wa mwezi mwenzangu huyo, tuliyeapishwa naye siku moja, ana ngazi yake ya mshahara na mimi niko TGS, ngazi ya jumla ya watumishi wa Serikali. Tofauti hiyo ingenilipia kodi ya nyumba.

Yeye simlaumu, anastahili anachopata. Ila Katiba, ibara ya 23, inasema kila mtu, bila ubaguzi wa aina yoyote, anayo haki ya kupata ujira unaolingana na kazi yake. Kazi tunafanya ileile. Iweje kinachoamua ni barua ya ajira imetoka ofisi gani? Mliopitia haya tupeane uzoefu. Majina ya ofisi na ya watu tuyaache.

Mstaafu wa Reli
Shikamooni wakubwa, wadogo zangu hamjambo. Hili ni la siku nyingi. Enzi zetu Kigoma haikuwa na Mahakama Kuu yake, mashauri yalikwenda Tabora. Tunapanda treni, Uvinza, Kaliua, Urambo, mafaili mapajani kwa kuogopa yasiibiwe. Nilisafiri mara nyingi na mwenzangu wa serikali kuu. Shauri moja, gesti moja, chakula kwa mama ntilie mmoja. Lakini posho ya kujikimu inafuata ngazi ya mshahara, basi yangu ilikuwa pungufu. Shauri likiahirishwa, mimi ndiye niliyekuwa naanza kuhesabu siku za kulala. Kuna safari niliondoka kabla ya uamuzi kusomwa kwa sababu fedha zimekwisha. Liliniuma sana, maana shauri lile nililianza mimi.

Mama Kasulu
Pole sana mzee wangu, shikamoo. Langu ni la kukaimu. Mkuu wetu wa Kitengo cha Sheria alihamishwa nikaambiwa nikaimu. Vikao vya menejimenti naingia, mikataba ya zabuni naipitia, Baraza la Madiwani likikaa maswali ya sheria nayajibu mimi. Nilipoomba posho ya kukaimu nikaambiwa kibali cha Utumishi, ofisi inayosimamia watumishi wa umma, hakikuombwa, hivyo hakuna malipo. Baadaye akaletwa mkuu kamili, tukakabidhiana ofisi, basi. Dada zangu na kaka zangu, ukipewa barua ya kukaimu uliza siku hiyohiyo kama kibali kimeombwa, na uulize kwa maandishi. Mimi niliuliza kwa mdomo, sina karatasi ya kuonyesha.

Msomi Tabora
Nitawapinga kidogo, kwa heshima. Mimi naendesha mashtaka huku Tabora. Mauaji, nyara za Serikali (meno, ngozi na nyama za wanyamapori) kutoka upande wa Ugalla, unyang'anyi wa silaha. Mtu unamwombea kifungo leo, kesho unapishana na ndugu zake sokoni. Watoto wangu wanasoma shule moja na watoto wa washtakiwa. Mkisema wote tulipwe sawa, hatari hii mnaiweka wapi?

Mtu wa Mwanga
Msomi, nakubali kabisa, na nashukuru umelisema. Hatari ilipwe, tena ilipwe vizuri, kwa posho yake inayojulikana ni ya nini. Ninacholilia ni mshahara wa msingi: elimu ileile, daraja lilelile, miaka ileile kazini. Chama cha Mawakili wa Serikali kilipozinduliwa mwaka 2022, sisi wa halmashauri tulihesabiwa ndani. Jina la wakili wa serikali tumepewa wote, basi na ngazi ya mshahara itufikie wote.

Nzega Road
Mimi nilichoka nikahamia shirika la umma. Mshahara ulipanda mwezi wa kwanza tu, kazi ikapungua. Halmashauri niliyoiacha imekaa muda mrefu na mwanasheria mmoja. Wananchi wa pale ndio wanaoumia.

Binti wa Urambo
Nataka kuwatahadharisha wanaofikiria kubadilishiwa kada. Nilikuwa Afisa Sheria Mwandamizi, nikaomba kuingia muundo wa Mawakili wa Serikali. Nikapata, nikafurahi. Kumbe naanza daraja la kuingilia, na mshahara wangu wa zamani nabaki nao kama mshahara binafsi. Maana yake nyongeza sikuiona hadi daraja jipya lilipoufikia mshahara niliokuwa nao. Vijana niliowapokea wakiwa mafunzoni sasa wako sawa nami kwa cheo.

Sijutii kuhama. Lakini kabla ya kusaini barua angalia vitu vitatu: daraja unaloingizwa, kama mshahara ni binafsi, na tarehe ya cheo. Ukiona uzoefu wako haukuhesabiwa, mwandikie mwajiri kabla hujaripoti na nakala ibaki kwako. Mwenye barua ya namna hiyo iliyojibiwa vizuri aeleze alivyoiandika, itatusaidia wengi.