Naomba ushauri: Greda limepita shamba la mama Tanga, tunaambiwa barabara ya wananchi haina fidia

Mwana_wa_Mkonge: Wakuu, habari. Mama ana shamba mkoani Tanga (wilaya naihifadhi). Halmashauri imefungua barabara ya zahanati, greda likakatiza shambani. Minazi na michungwa iliyokuwa inazaa, yote chini. Hatukuona barua wala mthamini. Tulipouliza tukaambiwa wananchi walikubali wenyewe mkutanoni, dole gumba la mama lipo. Mama anasema alisaini mahudhurio. Barabara hatuipingi, hata sisi tutaipita. Niende baraza la kata?

Chumvi_Nyingi: Utapoteza nauli tu. Huku Bagamoyo watu waliwekewa X nyekundu ya kubomolewa nyumba na hawakupata hata mia.

Mzee_wa_Bikoni: Chumvi, usichanganye mambo. X nyekundu ni kwa aliyejenga ndani ya hifadhi ya zamani ya barabara kuu, mita 22.5 kila upande. Ilipoongezwa kufika 30, walioguswa na nyongeza wakapewa X ya kijani, hao wana fidia. Njia ya zahanati haimo humo.

Mgosi, pole. Baraza la kata siku hizi linasuluhisha tu, halitoi hukumu. Tangu 2020, ukiishtaki halmashauri unatoa kwanza notisi ya siku 90, unamuunganisha Mwanasheria Mkuu wa Serikali na unafungua Mahakama Kuu. Ukikosea, wanaleta pingamizi la awali na kesi inatupwa kabla mnazi haujatajwa. Hakikisha pia nani alimpa mkandarasi kazi, maana barabara za wilaya tangu 2017 ziko TARURA, wakala wa barabara za vijijini na mijini.

Ila anza na ile karatasi yenye dole gumba la mama. Omba muhtasari mzima wa mkutano, si ukurasa wa majina peke yake. Juu pameandikwa "mahudhurio" au "waliokubali kutoa ardhi"? Kurasa zinafuatana? Kichwa kikiwa cha kalamu nyingine, hapo una pa kushikia.

Bi_Shughuli: Piga picha visiki leo, mvua ikinyesha majani yanafunika. Na magogo ya minazi nani kachukua? Yale ni mbao.

Mwana_wa_Mkonge: Kachukua mkandarasi, dada. Fidia yenyewe inahesabiwaje?

Mzee_wa_Bikoni: Thamani ya ardhi, mazao, na posho ya usumbufu. Posho ya makazi ni kwa aliyebomolewa nyumba. Kwa sheria ya uthamini ya 2016, Mthamini Mkuu akishaidhinisha na miezi sita ikapita hamjalipwa, riba inaanza kuhesabika. Magogo yadai kivyake. Msikubali "njoo kesho": madai ya fidia kwa jambo lililofanywa kwa mgongo wa sheria yana ukomo wa mwaka mmoja tu.

Mwana_wa_Mkonge: Nimetoka kwa mtendaji sasa hivi. Eti muhtasari uko kwa diwani.

Mzee_wa_Bikoni: Muhtasari wa mkutano wa kijiji unakaa ofisi ya kijiji. Usiombe kwa mdomo tena. Andika barua nakala mbili, ya kwako aigonge muhuri wa kupokea na tarehe. Akikataa kugonga, rudi na shahidi, kisha nakala ipeleke kwa mkurugenzi.