Hivi Batman, shujaa wa vitabu vya katuni, kutomuua adui yake Joker ni uungwana au ni kiburi?

Chuma_cha_Pua: Wakuu, hili linanikera miaka yote. Mwaka 1988 Joker kampiga risasi Barbara Gordon, binti wa kamishna wa polisi, akaishia kwenye wilichea, haikupita muda kampiga Jason Todd, msaidizi wa Batman, kwa mtaimbo kisha akamlipua na bomu, na Batman ni yule yule, anamkamata anampeleka Arkham, hospitali ya wagonjwa wa akili, jamaa anatoroka anaua tena. Damu yote ile iko mikononi mwa Batman. Anajiona msafi huku wenzake wanazikwa.

Binti_Mtepe: Jason usimtupie Batman kaka. Wasomaji ndio walipiga kura kwa simu afe au apone, na wa afe walishinda kwa kura 72 tu.

Chuma_cha_Pua: Mimi naongelea hadithi wewe unaniletea simu?

KobeMzee: We Chuma husomi, unaangalia picha. Joker ANATAKA auawe na Batman. Hoja yake ni moja, kwamba yeyote akipata siku moja mbaya anakuwa kama yeye, na Batman siku yake mbaya aliipata utotoni, wazazi wameuawa kwenye uchochoro mbele ya macho yake. Akimuua Joker, Joker kashinda. Yule ni kichaa ila anamjua Batman kuliko Batman anavyojijua.

Dada_Rehani: Hapo kwenye kichaa naomba tusimame. Mdogo wangu anaumwa ugonjwa wa akili mwaka wa sita huu. Kila saa mbili usiku namwekea vidonge viwili kwenye kifuniko cha chupa ya maji, anameza, ananiambia asante dada. Hajawahi kumpiga hata kuku. Joker anapanga, anakusanya genge, anachagua nani aumie ili Batman aumie zaidi. Huo ni ukatili, msiuite ugonjwa.

KobeMzee: Samahani dada, sikumgusa ndugu yako. Ila wanaoandika wenyewe ndio wanamuweka Arkham, si mimi.

Dada_Rehani: Na ndio wanaofanya watu mtaani wakimuona mdogo wangu wavuke barabara.

Chuma_cha_Pua: Sasa dada ananiunga mkono. Kama haumwi basi ni muuaji wa kawaida, ahukumiwe anyongwe, Arkham anapelekwa kufanya nini?

Binti_Mtepe: Ahukumiwe sawa, lakini na mahakama. Kamishna Gordon, babake Barbara, alivuliwa nguo na Joker, akaonyeshwa picha za mwanawe amelala kwenye damu, na bado alimwambia Batman amlete Joker kwa kufuata sheria. Baba mzazi huyo! Wewe uliyekaa na simu yako unamshinda uchungu?

Chuma_cha_Pua: Uchungu wangu huujui binti, tusifike huko.

Dada_Rehani: Mnakumbuka kile kitabu cha Batman alichoandika Frank Miller cha 1986? Batman kastaafu miaka kumi, na Joker muda wote yuko Arkham kakaa kimya kama sanamu. Siku runinga inatangaza Batman amerudi, tabasamu linapanda usoni pole pole, nilipoiona nilifunga kitabu. Ugonjwa gani unamsubiri mtu mmoja arudi kazini?

Chuma_cha_Pua: Basi kosa la Batman si kutomuua, ni kurudi.

KobeMzee: Asingerudi, lile genge la Mutants lililokuwa linachinja watu mjini angelizuia nani, wewe?