Kasuku wote bado ni familia moja? Natayarisha tablo ya darasa

Mwalimu_Nguba (Bukavu)

Jambo wapendwa. Natayarisha tablo ya ukutani kwa wanafunzi wa sekondari, seksyo ya biokimia, juu ya oda ya kasuku, Psittaciformes. Kitabu cha shule ni cha zamani na kinawaweka kasuku wa dunia nzima katika familia moja, Psittacidae. Nikifungua orodha za siku hizi naona familia nne, kwingine sita. Nifuate ipi, na niwaeleze watoto sababu gani?

Tena nataka upande mmoja wa tablo uwe wa kasuku wa Kongo peke yao. Yule wa kijivu kila mtu anamfahamu, ila nasoma kwamba amegawanywa kuwa spishi mbili. Sisi tunao wote wawili? Nina pia picha mbili za kutambua. Moja imetoka upande wa Walikale: ndege wa kijani mwenye rangi ya machungwa kwenye paji la uso na mapajani. Nyingine ni ya njia ya Likasi, huko Katanga: ndege mdogo, mgongo wa kahawia, tumbo la kijani-buluu, manjano kwenye bega la bawa. Huyo ananichanganya kwa sababu mchoro wa kitabu una utepe wa manjano utosini, na wa kwenye picha hana.

Bawa_Refu (Goma)

Mwalimu, familia moja iache. Mgawanyo wa zamani ulitegemea yale yanayoonekana kwa macho: mdomo uliopinda, ulimi mnene, vidole viwili mbele na viwili nyuma. Kasuku wote wanayo hayo, kwa hiyo yanatosha kumtenga kasuku na kwale au njiwa, lakini hayasemi kasuku yupi ni ndugu wa yupi. Hilo limetoka kwenye DNA.

DNA inaonyesha matawi makubwa matatu. La kwanza kujitenga ni la New Zealand: kakapo, asiyeweza kuruka na anayetafuta chakula usiku, pamoja na kasuku waitwao kea na kaka. La pili ni la kakatua, yaani kasuku wenye kishungi, spishi 21 hivi, kuanzia Ufilipino na Indonesia hadi Australia. La tatu lina wote waliobaki, zaidi ya spishi 350 kati ya takriban 400 zinazokubaliwa leo.

Orodha za familia nne zinasoma hivi: Strigopidae (New Zealand), Cacatuidae (kakatua), Psittacidae (Afrika na Amerika), Psittaculidae (Asia, Australia, visiwa vya Pasifiki, na baadhi ya kasuku wa Afrika). Familia sita ni pendekezo la mwaka 2012. Linawatoa kea na kaka kwa kakapo na kuwaita Nestoridae, na linawatenga kasuku weusi wa Madagaska waitwao vasa pamoja na kasuku wa Pesquet wa New Guinea katika Psittrichasiidae. Ukilinganisha vizuri utaona mti wa nasaba ni uleule. Wanachobishana ni tawi lipi lipewe cheo cha familia na lipi libaki chini yake. Kwa darasa ningechukua nne, kisha kwenye pembe ya chini ya tablo niandike jina la orodha niliyofuata na mwaka wake wa kutolewa. Bila hiyo, mwanafunzi atakayekuta sita mahali pengine atafikiri mwalimu alikosea.

Sasa sehemu ambayo mimi ningeipa nafasi kubwa kuliko zote. Usipange kasuku kwa mabara. Afrika na visiwa vyake wana nasaba tatu tofauti. Psittacus (wa kijivu) na Poicephalus (kundi lingine la Afrika) ni wa Psittacidae, na ndugu zao wa karibu wako ng'ambo ya Atlantiki: Amazona, makau na wenzao wa Amerika. Agapornis, wale wadogo wanaokaa wawiliwawili, ni wa Psittaculidae, na jirani yao kwa nasaba ni Loriculus wa Asia, wanaolala wakining'inia kichwa chini. Vasa wa Madagaska, Komoro na Shelisheli wana tawi lao, pamoja na yule wa New Guinea. Maana yake, kasuku wa kijivu na Agapornis swindernianus wanakaa katika msitu mmoja wa Kongo, na bado yule wa kijivu ana undugu wa karibu zaidi na makau wa Brazili. Mtoto akilielewa hilo, ameelewa taksonomia nzima, yaani elimu ya kupanga viumbe, inafanya kazi gani.

Jambo la kuwapa watoto wajaribu wenyewe: manyoya ya kakatua hayana ule muundo mdogo unaotawanya mwanga na kutoa buluu, na kijani cha kasuku hutengenezwa kwa buluu hiyo ikichanganyika na rangi ya manjano. Ndiyo maana kakatua ni weupe, weusi, wa kijivu, au wenye waridi, manjano na wekundu. Ukiona kasuku mwenye kijani au buluu ya manyoya, si kakatua, hata muuzaji akikuapia. Wakatazame manyoya tu, maana baadhi ya kakatua wana ngozi ya buluu kuzunguka jicho. Kishungi peke yake ni dalili dhaifu.

Miombo_Lshi (Lubumbashi)

Nashughulika na picha zako, Mwalimu.

Ya Likasi ni Poicephalus meyeri, kasuku wa miombo yetu, urefu wa sentimita 22 hivi. Kukosa manjano utosini hakumwondoi kwenye spishi. Nususpishi ya Angola na kusini mwa Kongo, reichenowi, haina utepe huo, wakati matschiei ya upande wa mashariki inao, na yaelekea mchoro wa kitabu chako ulifuata aina yenye utepe. Ila kabla hujaandika reichenowi kwenye tablo, tazama umri. Kinda wa nususpishi yoyote hukosa manjano ya utosini, na manjano ya begani kwake ni kidogo. Jicho litakusaidia: mkubwa ana duara la machungwa kuelekea jekundu kuzunguka mboni, kinda ana jicho la kahawia iliyoiva. Picha isipoonyesha jicho vizuri, ishia kwenye jina la spishi. Katanga nususpishi hizi zinakaribiana, na jina la tatu lililoandikwa kwa kubahatisha ni baya kuliko kutokuwepo.

Usimchanganye na Poicephalus fuscicollis suahelicus, ambaye naye yuko huku kusini. Huyo ni mkubwa, sentimita 33 hivi, kichwa cha kijivu-fedha, mdomo mkubwa wenye rangi ya pembe, na begani ana wekundu, si manjano. Vitabu vya zamani vinamwita P. robustus. Siku hizi jina hilo limebaki kwa kasuku wa Afrika Kusini peke yake, kwa hiyo ukilikuta kwenye orodha ya zamani ya Katanga soma fuscicollis. Jike wa fuscicollis ndiye mwenye machungwa kwenye paji la uso, na dume mkubwa mara nyingi hana. Watu wengi hudhani ni kinyume chake.

Ya Walikale ni Poicephalus gulielmi, wa misitu ya bonde la Kongo, sentimita 28 hivi, mkia mfupi. Kuza picha utazame mgongo: kila unyoya ni mweusi katikati na kijani ukingoni, kwa hiyo mgongo unaonekana kama una magamba. Mdomo wa juu una rangi ya pembe na ncha nyeusi, wa chini ni mweusi. Makinda hayana machungwa kabisa. Hapo ndipo watu wanapoandika "Amazona" kwa kila kasuku wa kijani aliyenona, na Amazona ni wa Amerika.

Kwa picha zijazo, omba nne kwa ndege mmoja: kichwa kwa upande, mgongo na kiuno, bawa kwa chini, mkia ukiwa wazi. Kiuno ndicho kinachosahaulika, na kwa meyeri ndicho chenye buluu.

Vet_Himbi (Goma)

Naongeza juu ya wa kijivu, kwa sababu huku kosa la jina lina uzito wa sheria.

Psittacus erithacus alipewa jina na Linnaeus mwaka 1758. Psittacus timneh alihesabiwa kwa muda mrefu kama nususpishi yake, na BirdLife, shirika la uhifadhi wa ndege, ikamtambua kuwa spishi kamili mwaka 2012. Timneh ni wa Afrika Magharibi: Guinea, Sierra Leone, Liberia na magharibi ya Côte d'Ivoire. Kasuku wa kijivu wa porini Kongo ni erithacus peke yake, kwa hiyo kwenye sehemu yako ya Kongo chora mmoja.

Kuwatofautisha mkononi, anza na mdomo. Erithacus ana mdomo mweusi mtupu. Timneh ana sehemu ya waridi au rangi ya pembe kwenye mdomo wa juu. Mkia wa erithacus ni mwekundu unaowaka, wa timneh ni kama damu iliyokauka. Usianze na mkia, kwa sababu makinda ya erithacus yanaweza kuwa na weusi kwenye ncha za manyoya ya mkia, na ndege aliyenaswa kwa ulimbo mara nyingi mkia wake umeshikana na uchafu. Uzito nao unadanganya. Timneh huwa na gramu 275 hadi 375, erithacus mwenye afya hupita 400. Lakini erithacus aliyesafirishwa siku nyingi ndani ya kikapu bila chakula anashuka hadi kipimo cha timneh. Pima, andika, ila usiamue kwa mizani.

Umri unasomeka kwenye jicho: kinda ana jicho jeusi-kijivu, baadaye linakuwa kijivu hafifu, na kuelekea mwaka wa pili linageuka manjano hafifu. Dume na jike hawatofautishiki kwa macho. Hapo ni DNA tu, kwa tone la damu au unyoya mchanga uliong'olewa na mzizi wake. Unyoya uliookotwa chini ya kizimba mara nyingi hauna chembe hai za kutosha, na hujui ni wa ndege yupi.

Namna ya kushika: taulo juu ya mabawa, vidole viwili pande mbili za taya, kifua kiwe huru kabisa. Ndege hana kiwambo cha kupumulia kama sisi. Anapumua kwa kuinua na kushusha mfupa wa kifua, na ukimbana kifuani anakosa pumzi mkononi mwako. Vaa barakoa. Vumbi jeupe la manyoya yake ni la kawaida, lakini vumbi la kinyesi kikavu linaweza kubeba bakteria Chlamydia psittaci, ambayo kwa mtu huleta homa na nimonia. Lowesha kizimba kabla ya kufagia.

Kuhusu sheria: mkutano wa CITES (mkataba wa kimataifa wa biashara ya wanyama na mimea ya porini) wa Johannesburg mwaka 2016 ulimhamishia Psittacus kwenye Kiambatisho cha I (biashara ya kimataifa ya ndege wa porini hairuhusiwi), kuanzia tarehe 2 Januari 2017. Mwaka huohuo wa 2016 IUCN, shirika la kimataifa la uhifadhi wa asili, iliziweka spishi zote mbili katika daraja la walio hatarini. Poicephalus na karibu Agapornis wote wako Kiambatisho cha II (biashara kwa kibali). Fomu ya ukamataji iliyoandikwa "kasuku 12" bila jina la kisayansi haisemi ni kiambatisho gani. Na ndege waliokamatwa wasiachiliwe siku hiyohiyo. Waliokatwa manyoya ya mabawa hawataruka mpaka hayo yapukutike na kuota mapya, na hilo huchukua miezi. Kwenu Bukavu, kituo cha kuokoa wanyama cha Lwiro hupokea kasuku wa kijivu. ICCN, taasisi ya serikali ya kuhifadhi asili, ndiyo ya kuarifiwa kwanza.

Mwalimu_Nguba (Bukavu)

Aksanti sana nyote. Bristoli yangu (karatasi nene ya tablo) ina nafasi ya michoro saba kwa upande wa Kongo. Niweke nani? Na wale wadogo wenye duara jeupe la jicho wanaouzwa kwenye vizimba mjini Goma, nao ni wetu?

Bawa_Refu (Goma)

Saba zinatosha, Mwalimu. Psittacidae: Psittacus erithacus, Poicephalus gulielmi, P. meyeri, P. fuscicollis. Psittaculidae: Agapornis swindernianus, A. pullarius, na Psittacula krameri mwenye mkia mrefu. Huyu wa mwisho mwonyeshe kaskazini tu, kwenye ukanda wa savana.

Wale wa duara jeupe waache nje ya sehemu ya Kongo. A. fischeri na A. personatus asili yao ni Tanzania, na wakifugwa pamoja huzaana wao kwa wao. Huko Naivasha, Kenya, machotara wao wanaishi porini. Ndege wa kizimbani mwenye kichwa kilicho katikati ya machungwa na weusi huenda ni chotara, asiwe mfano wa kuchora.

Kwa A. pullarius chora dume na jike: dume ana uso mwekundu na weusi chini ya bawa, jike uso wa machungwa na kijani chini ya bawa. Hutaga ndani ya vichuguu vya mchwa vilivyo juu ya miti. A. swindernianus hana wekundu usoni. Kichwa ni kijani, mdomo mweusi, na kisogoni ana utepe mwembamba mweusi. Hula tini za msituni, na kwenye vizimba karibu hawaonekani kwa sababu bila tini hizo hufa upesi. Kwa hiyo picha za kunakili ni chache, na zilizoandikwa jina lake zinaweza kuwa za spishi nyingine. Tafuta utepe wa kisogo kwanza.

Chora wote kwa kipimo kimoja, nusu ya ukubwa halisi: erithacus sentimita 16 na nusu, gulielmi 14, meyeri 11, swindernianus 6 na nusu. Krameri anafika 20, na zaidi ya nusu yake ni mkia, kwa hiyo mpangie nafasi kabla hujaanza.