Naombeni ushauri: nifunge darasa la utunzi nibaki na riwaya tu?

Kalamu ya Usiku: Wakuu, habari za muda huu. Mimi ni mtunzi wa riwaya za upelelezi, vitabu vitatu viko mtaani. Tangu 2019 naendesha darasa la utunzi WhatsApp, ada elfu 30 kwa mwezi, sasa nina wanafunzi 11. Mchapishaji anataka mswada wa nne kabla ya mwisho wa mwezi. Usingizi umenikimbia. Nafikiria kulifunga darasa, ila ada ndiyo inayolipa kodi ya nyumba. Nifanyeje?

Mtu Chake: Usifunge mkuu. Muhammed Said Abdulla alishinda shindano la 1957/58 kwa kisa cha mpelelezi Bwana Msa, kitabu kikatoka 1960, na bado alikuwa mhariri wa gazeti la Mkulima mpaka akastaafu 1968. Musiba, mtunzi wa visa vya mpelelezi Willy Gamba, naye alikuwa mfanyabiashara. Upelelezi peke yake haujazi sufuria.

Mama Wawili: Umenikumbusha marehemu baba. Alikuwa na Kufa na Kupona ya Musiba isiyo na jalada, kurasa za mwanzo zimeliwa na mende. Tulianzia ukurasa wa 9 watoto wote. Mpaka leo sijui Willy Gamba aliingiaje kwenye kile kisa!

Fundi Saa: Mtoa mada, kuna kitu umekiruka. Mswada unao au huna? Na darasa linakuzuiaje kuandika?

Kalamu ya Usiku: Mswada upo.

Fundi Saa: Sasa usingizi unakimbizwa na nini?

Kalamu ya Usiku: Basi niseme. Nilikwama kwenye mwisho miezi minne. Binti mmoja wa darasani akaleta zoezi: marehemu anasemekana kafa saa mbili usiku, lakini saa nne simu yake imenunua umeme wa Luku wa elfu mbili. Tarakimu 20 za tokeni zimo kwenye ujumbe, na mita imeshaingiziwa. Nani alijua namba yake ya siri? Pale pale muuaji anajulikana. Nilisoma nikasimama. Nimeutumia mwisho huo. Lakini wahusika ni wangu, mtaa ni wangu, kurasa 180 nimeziandika mwenyewe. Yeye alishaacha darasa, na mwezi wa mwisho hakulipa. Halafu mswada niliutuma Jumatatu.

Mama Wawili: Kumbe umeshatuma! Hapa unaomba ushauri au unaomba baraka?

Wakili wa Kata: Sheria ya hakimiliki ya 1999 hailindi wazo tupu, inalinda namna lilivyoandikwa. Na zoezi lake linalindwa hata kama hajawahi kufika COSOTA, ofisi ya hakimiliki, kulisajili. Umenakili maneno yake?

Kalamu ya Usiku: Aya mbili. Nilizigusagusa.

Ustadh Juma: Hiyo ni dhuluma, ndugu yangu. Mtoto amekulipa umfundishe, wewe umemvuna. Mwalimu ni mzazi.

Kijana wa Manzese: Mimi nilikuwa nauza simulizi Facebook, sehemu moja shilingi 500. Jamaa akanunua zote, akabadilisha majina, akaziweka kwenye kundi lake. Nilimwandikia akaniblok. Sijaandika tena, mwaka wa pili huu. Fikiria huyo binti.

Mzee Kobe: Wakuu, hii ni chai. Mtunzi wa upelelezi gani anamwaga mwisho wa riwaya yake hadharani kabla haijachapwa? Ama anatangaza kitabu, ama hakuna kitabu.

Mtu Chake: Kweli aisee. Na kisa kimepangika mno.

Wakili wa Kata: Hata kama ni chai, angalieni alichofanya. Mwisho huo sasa tunaujua sote, na tunajua ni wa nani.

Kalamu ya Usiku: Sikuliona hilo wakati naandika, naapa. Kitabu kipo na binti yupo. Nimeuandika mwisho wake hapa kwa sababu kwa wiki tatu hakuna kingine kichwani mwangu.

Fundi Saa: Namba yake unayo?

Kalamu ya Usiku: Ninayo.

Fundi Saa: Mpigie kabla ya mchapishaji. Mwambie aya mbili, usimwambie wazo.

Kalamu ya Usiku: Inaita.

Kijana wa Manzese: Mkuu, kama darasa hulifungi, elfu 30 naweza kulipa mara mbili?