Naomba ushauri: mdogo wangu ana nafasi gani ya kusomea udaktari bingwa Marekani?

Wakuu, habari zenu. Mdogo wangu kamaliza udaktari na intanshipu hapa Dar, anataka kusomea ubingwa wa magonjwa ya ndani Marekani. Step 1, mtihani wa kwanza wa leseni ya udaktari ya Marekani (USMLE), kafaulu, ila tangu 2022 haitolewi alama, hivyo kinachoangaliwa zaidi ni Step 2 CK, mtihani unaopima ujuzi wa kutibu wagonjwa. Kapata 241. Kinachoniumiza kichwa ni barua za mapendekezo: zote ni za madaktari wa hapa, hajawahi kukanyaga wodi ya kule. Mwaka 2024 asilimia 58.5 ya waombaji wasio raia wa Marekani waliosomea udaktari nje ya nchi hiyo walipata nafasi za mafunzo ya ubingwa. Aombe Septemba hii, au kwanza atafute mwezi mmoja wa mazoezi hospitalini huko? Anayelipa ada zote ni mama. Mliopita njia hii kwa viza ya J-1 (ya mafunzo ya kubadilishana), tusaidieni.